Miaka 55 bila kuwa steringi: M. Emmet Walsh na kazi ya waigizaji wa pembeni

Waliokulia kwenye vibanda vya video wanaikumbuka Missing in Action, ile muvi ya 1984 ambayo Chuck Norris anarudi Vietnam kuwakomboa wafungwa wa kivita wa Kimarekani. Steringi hana haja ya kutambulishwa. Ila pembeni yake kuna mtu mzima mmoja wa kitambi, anaitwa Tuck, zamani walikuwa jeshini pamoja na sasa anafanya magendo huko Thailand. Watu waliirudia muvi hiyo hadi wakajua nani anampiga nani na kwa silaha gani, wala hawakujiuliza huyo Tuck anaitwa nani akishavua nguo za kazi.

Anaitwa M. Emmet Walsh. Ni yeye aliyekuwa kapteni wa polisi katika Blade Runner. Ni yeye daktari anayemfanyia Chevy Chase uchunguzi wa aibu katika Fletch. Katika Romeo + Juliet ya 1996, ile ya Leonardo DiCaprio, ndiye muuza dawa anayemuuzia Romeo sumu. Katika Knives Out ya 2019 ni mlinzi mzee anayetunza mikanda ya kamera za usalama. Ukijumlisha filamu na televisheni, alionekana katika kazi zaidi ya 200, kuanzia 1969 hadi alipofariki mwaka 2024.

Sasa, hesabu ya kijiweni ni nyepesi: mtu akiigiza nusu karne bila jina lake kuwekwa juu kwenye bango, basi alikwama. Alitaka kuwa steringi, hakuweza, akaridhika na makombo. Hesabu hiyo ndiyo inayofanya watu wasielewe kazi ya waigizaji wa namna hii, kwa sababu inawapima kwa ngazi ambayo wao hawakuwa wakiipanda. Kuigiza nafasi za pembeni ni fani yenye ujuzi wake, soko lake na namna yake ya kumlisha mtu. Walsh anafaa kuliko wengi kuionyesha, maana alifanya karibu kila kitu ambacho fani hiyo inaruhusu, kuanzia vito hadi takataka.

Mistari sita na mlango

Steringi ana saa nzima na zaidi ya kutuzoesha. Tunamwona akiamka, akigombana na mkewe, akipigwa, akilia. Hata kama mwanzoni hatumwelewi, filamu ina subira naye. Mwigizaji wa pembeni hapewi subira hiyo. Anaingia, anasema mistari sita, anatoka, na katika mistari hiyo inabidi tuamini kwamba mtu huyu ana nyumba, ana madeni, ana watu asiowapenda, na kwamba alikuwa akiishi maisha yake kabla kamera haijawashwa. Wengine huvaa uhusika taratibu, filamu ikiendelea. Yeye anatakiwa afike mlangoni akiwa keshauvaa.

Chukua Blade Runner, ya Ridley Scott, mwaka 1982. Kwenye karatasi, kazi ya Kapteni Bryant inachosha: amweleze Deckard, yaani Harrison Ford, kwamba kuna viumbe bandia waliotoroka, ni wangapi, wana uwezo gani, na kwa nini ni lazima yeye arudi kazini kuwawinda. Ni maelezo matupu, na vipande vya maelezo matupu vimeua filamu nyingi. Walsh anakigeuza kipande hicho kuwa mapambano madogo. Anaanza kwa urafiki wa uongo, anamimina kinywaji, anabembeleza, kisha anamkumbusha Deckard kwamba asiye askari katika mji ule si mtu wa kuhesabiwa. Tukitoka mle ofisini tunajua kila tulichotakiwa kujua, wala hatukuhisi kwamba tulikuwa darasani, kwa sababu tulikuwa tumeshughulika kumchukia.

Kipande hicho kina kituko chake pia. Bryant anasema waliotoroka ni sita na mmoja ameungua kwa umeme, kumbe filamu inatuonyesha wanne tu wanaosakwa. Wa tano yuko wapi? Mashabiki walibishana kwa robo karne, wengine wakijenga nadharia nzima juu ya kasoro hiyo. Chanzo kilikuwa cha kawaida: kulikuwa na kiumbe mmoja zaidi kwenye skripti, akaondolewa kabla ya kupigwa picha, na mstari ukabaki. Toleo la 2007 lililokamilishwa na Scott mwenyewe likarekebisha, waliokufa wakawa wawili. Si kila mwigizaji wa dakika chache anayeweza kujivunia kwamba hesabu aliyoitaja iliwakosesha watu usingizi miaka yote hiyo.

Kwa hiyo mwongozaji anayemwajiri mtu wa aina hii ananunua muda. Uso, sauti na mwendo vinafanya kazi ambayo vinginevyo ingehitaji kurasa tatu za skripti. Na soko likishajua uso fulani unaokoa kurasa za aina gani, litauita kwa kazi hiyohiyo tena na tena. Walsh aliitwa kuwa mwenye madaraka madogo: polisi, sherifu, kocha, bosi wa kitengo, ofisa mwenye muhuri na kidaftari. Kila mmoja wetu amewahi kusimama dirishani mbele ya mtu wa namna hiyo, anayetabasamu huku akikwambia urudi kesho.

Inavutia, ingawa sitaki kuikaza sana hoja hii, kwamba baba yake alikuwa ofisa wa forodha. Michael Emmet Walsh alizaliwa Ogdensburg, jimbo la New York, Machi 22, 1935, akakulia Swanton, mji mdogo wa Vermont karibu na mpaka wa Kanada. Akiwa na miaka mitatu alifanyiwa upasuaji nyuma ya sikio, akabaki hasikii kwa sikio la kushoto. Chuoni Clarkson alisomea usimamizi wa biashara, akahitimu 1958, ndipo akaenda New York kusomea uigizaji katika American Academy of Dramatic Arts. Miaka ya sitini aliimalizia jukwaani. Mwaka 1969 alikuwa Broadway katika tamthilia ileile ambayo Al Pacino alikuwemo, na mwaka huohuo akaanza kuonekana kwenye filamu: abiria wa basi asiyetajwa hata jina katika Midnight Cowboy, kisha sajenti katika Alice's Restaurant anayesema kwa kasi hadi maneno yake hayashikiki. Alikuwa na miaka 34. Kwa anayetaka kuwa steringi huo ni umri wa kukata tamaa, lakini kwa fani yake ndipo uso unapoanza kuiva.

Kutoka mshahara hadi kibarua

Laiti Walsh angeanza miaka 35 kabla, maisha yake yangekuwa tofauti kabisa. Miaka ya thelathini studio kubwa za Hollywood ziliajiri waigizaji wa pembeni kwa mikataba na kuwalipa kwa wiki, kama kiwanda kinavyoajiri mafundi. Leo mtu ni mpishi, kesho hakimu, keshokutwa maiti, mshahara uleule. Tuzo za Oscar zilianza kuwatambua waigizaji wasaidizi kwenye sherehe ya 1937, na kwa wanaume mshindi wa kwanza alikuwa Walter Brennan, ambaye baadaye aliongeza nyingine mbili. Hata hivyo kwa miaka kadhaa ya mwanzo wasaidizi walipewa kibao cha ukutani, sanamu yenyewe ikabaki kwa wakubwa. Hiyo inasema yote kuhusu walivyotazamwa.

Mfumo huo ulivunjika kwa sababu mbili. Mwaka 1948 Mahakama Kuu ya Marekani iliamua, katika kesi dhidi ya Paramount na wenzake, kwamba umiliki wa studio juu ya majumba ya sinema ulikuwa unabana ushindani, na studio zikalazimika kuachana nayo. Wakati huohuo televisheni ikaanza kuwazuia watu nyumbani. Studio zisizo na uhakika wa wateja hazikuona sababu ya kulisha mamia ya waigizaji kila wiki, mikataba ikakatwa, na waliokuwa waajiriwa wakawa vibarua wa kila filamu. Televisheni iliyowanyang'anya mshahara ndiyo pia iliyowapa kazi: tamthilia ya kila wiki inahitaji mwizi mpya, shahidi mpya na sherifu mpya kila wiki.

Kibarua huyu analipwa kwa siku au kwa wiki, kwa viwango ambavyo chama cha waigizaji kimekubaliana na watayarishaji. Kinachomshika asizame ni malipo ya marudio, yaani fungu analopata kazi yake inapoonyeshwa tena. Mgomo wa 1960, chama kikiongozwa na Ronald Reagan yuleyule aliyekuja kuwa rais, ndio uliowapatia waigizaji wa filamu malipo hayo filamu zao zinapouzwa kwa televisheni, pamoja na msingi wa mfuko wa pensheni na bima ya afya. Fungu la kila kazi hupungua kadiri marudio yanavyoongezeka, hadi mengine yanakuwa hela ya kununulia andazi. Ila mtu mwenye kazi nyingi mno ana vijito vingi vidogo.

Na bima ya afya haiji hivihivi. Mwanachama hana budi afikie kipato fulani cha uigizaji kwa mwaka, ambacho wakati wa mgomo wa 2023 kilikuwa takriban dola 26,000, na walio wengi hawakifikii. Mgomo huo wa siku 118 ulihusu kwa sehemu kubwa jambo hilihili: filamu zilipohamia kwenye majukwaa ya intaneti, marudio ya kizamani yalikauka, na vile vijito vikakauka navyo. Steringi wa mamilioni walionekana kwenye picha za mgomo, lakini aliyeumia zaidi ni huyu wa mistari sita.

Ukilijua hilo, orodha ya kazi za Walsh inaacha kushangaza. Mwaka 1980 yumo katika Ordinary People ya Robert Redford, iliyopata Oscar ya filamu bora, akiwa kocha wa kuogelea. Mwaka 1986 yumo katika Critters, filamu ya vijidudu vyenye meno kutoka angani. Kibarua hachagui kazi kama anayechagua embe sokoni. Anajibu simu.

Ofisa wa Straight Time na kilichomfuata

Kazi moja ilibadili nyingine zote, na ni ya mwaka 1978. Katika Straight Time, iliyoongozwa na Ulu Grosbard, Dustin Hoffman ni mwizi aliyetoka gerezani anayejaribu kuishi vizuri. Walsh ni Earl Frank, ofisa anayesimamia wafungwa walioachiwa kabla ya muda. Angeweza kumfanya katili wa kupiga kelele. Badala yake Frank ni mchangamfu. Anatania, anatabasamu, anamsogelea mtu kama rafiki, na kila utani unamkumbusha mwenzake kwamba sahihi moja tu inatosha kumrudisha ndani. Ni udhalilishaji uliopakwa asali, na huwezi kuupeleka mahakamani maana hakuna neno lolote baya lililosemwa.

Halafu inafika siku Hoffman anachoka. Wako garini, anamvamia, anamfunga Frank kwa pingu kwenye uzio ulio katikati ya barabara kuu ya Los Angeles, anamshusha suruali, anamwacha hapo magari yakipita pande zote mbili. Unacheka, halafu unajiona hujafanya vizuri kucheka, kwa sababu ghafla yule ofisa ni mtu mnene, mwenye hofu, aliye uchi mbele ya watu. Walsh hachezi kipande hicho kutafuta kicheko wala huruma. Anavipata vyote viwili.

Ndugu wawili vijana waliiona filamu hiyo, Joel na Ethan Coen. Walikuwa hawajatengeneza filamu yoyote. Walipoandika Blood Simple, walimwandika mpelelezi wa kukodiwa, Loren Visser, wakimfikiria Walsh. Fedha walizichanga kwa kuwaonyesha watu binafsi tangazo la filamu ambayo bado haipo, wakapata kama dola milioni moja na nusu, wakaenda Texas kupiga picha mwaka 1982. Kwenye seti ile Walsh ndiye aliyekuwa na uzoefu. Frances McDormand, ambaye leo ana rafu ya tuzo, alikuwa anaonekana kwenye filamu kwa mara ya kwanza. Inasimuliwa kwamba Joel alimwomba Walsh afanye jambo fulani ambalo hakuliona maana yake, akamsihi afanye tu kumridhisha, naye akamjibu kwamba muvi nzima hii ni ya kukuridhisha wewe.

Visser amevaa suti ya manjano, anatoka jasho, anaendesha Volkswagen ndogo isiyolingana na mwili wake, na anacheka kwa vichekesho vyake mwenyewe. Sauti yake ndiyo inayofungua filamu, ikieleza juu ya picha za barabara na visima vya mafuta kwamba huko Texas kila mtu ni juu yake. Ni Earl Frank aliyeondolewa muhuri: kilekile kicheko, ileile raha ya kumwona mwenzio akihangaika, lakini sasa hakuna sheria nyuma yake ila bei. Kwangu mimi huyu ni mmoja wa wabaya bora wa sinema ya Marekani ya miaka ile, na sababu ni kwamba haonekani kujua kuwa yeye ni adui. Anaona anafanya kazi. Mwisho wake sitausimulia.

Tuzo za Independent Spirit, zile za Marekani za filamu zinazotengenezwa nje ya studio kubwa, zilipotolewa kwa mara ya kwanza, mwaka 1986, Walsh ndiye aliyechukua ya mwigizaji bora wa kiume. Nafasi kuu, si msaidizi. Kwa mwenye kufikiria ngazi, hapo ndipo mlango ulipofunguka. Mwaka uliofuata filamu ya pili ya ndugu Coen, Raising Arizona, ikatoka, na Walsh yumo: fundi asiye na jina katika karakana anakofanya kazi Nicolas Cage, anayemsimulia mwenzake kisa cha ajali ya barabarani bila kujali kama anasikilizwa. Kipande kimoja kifupi, basi. Hakuna dalili kwamba aliona ameshushwa cheo, na kisa chenyewe cha kuchukiza anakisimulia kwa furaha ya mtu anayekitoa kwa mara ya mia.

Kanuni ya Ebert

Jina lake, kwa waliolijua, lilienezwa zaidi na mhakiki Roger Ebert wa Chicago. Ebert alitunga kanuni iliyomhusu Walsh na Harry Dean Stanton, mwigizaji mwenzake wa nafasi za pembeni: filamu yenye mmoja wao katika nafasi ya pembeni haiwezi kuwa mbaya moja kwa moja. Ni sifa tamu, na imenukuliwa karibu katika kila tanzia yao. Lakini ukiipima haisimami. Wild Wild West ya 1999 ina Walsh ndani yake, na Ebert huyohuyo aliipa nyota moja.

Nadhani kanuni ina ukweli, ila ameuweka mahali pasipo pake. Mwigizaji wa dakika mbili hawezi kuiokoa filamu ya dakika mia. Kinachotokea ni kwamba mwongozaji anayehangaika kumpata mtu sahihi wa kuwa muuza dawa, au fundi wa karakana, kwa kawaida ndiye pia aliyehangaikia mwanga, sauti na skripti. Walsh alikuwa dalili ya umakini wa mtu mwingine. Na dalili hiyo ilianza kudanganya pale sifa yake ilipokua, kwa sababu sasa hata asiye makini alijua amwite nani.

Miaka ya mwisho aliendelea kujibu simu. Mwaka 2004, akiwa na umri unaokaribia sabini, alikwenda London kucheza jukwaani National Theatre katika Buried Child ya Sam Shepard, akiwa Dodge, baba wa familia iliyooza, nafasi ngumu hasa. Katuni ya The Iron Giant ina sauti yake. Ndivyo pia filamu ya kihistoria ya Ken Burns kuhusu vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, ambamo waigizaji husoma barua za watu wa wakati ule. Nafasi ya mlinzi katika Knives Out ilikuwa imepangwa kwa mwigizaji Ricky Jay, akafariki Novemba 2018, Walsh akaichukua. Mwongozaji Rian Johnson alieleza baadaye kwamba mzee alifika kwenye seti na vitu viwili: karatasi moja yenye orodha ya kazi zake, kwa herufi ndogo zilizojazana safu mbili, na noti za dola mbili, zile adimu, akazigawa kwa wafanyakazi wote, wa kamera, wa taa, wa chakula. Aliwaambia wasizitumie, na kamwe hawatafilisika.

Alifariki Machi 19, 2024, huko St. Albans, Vermont, zikiwa zimebaki siku tatu atimize miaka 89.

Anayetaka kumwona kazini aanze na Straight Time, kisha Blood Simple, kwa mpangilio huo, ili aone jinsi Visser alivyochotwa kwa Frank. Raising Arizona iache ya mwisho, na wakifika karakana usinyanyuke kwenda kubandika chai.